Nimeambiwa nimemchafulia mtu jina: maswali mnayoniuliza kila wiki kuhusu kashfa na nia njema

Assalamu aleikum na habari zenu nyote. Haya maswali naulizwa kila wiki, barazani Kisauni, kwenye matatu, kwa simu saa tano usiku, maana watu wengi hutuma usiku wakiwa na hasira, asubuhi ndo wanashtuka. Nimeona niyaweke pamoja mtu ajisomee kabla hajaanza kulia. Mimi si wakili, mimi ni msaidizi wa kisheria, kazi yangu nasoma na mtu barua aliyoletewa, namueleza imesema nini, namuonesha mlango wa kubisha. Kesi yako yenyewe mpelekee wakili.

Kila anayekuja huniambia "wallahi nilikuwa na nia njema", na wengi wao nawaamini. Lakini hakimu hana namna ya kukupasua kifua atazame roho yako, anatazama ulichofanya kabla ya kutuma: ulimuuliza nani, ulingoja muda gani, uliwapelekea kina nani, na ulichagua neno gani. Majibu mengi hapa chini yanarudi hapohapo.

Kashfa ni nini hasa?

Ni kusema ama kuandika jambo kuhusu mtu, likawafikia wengine, na likamshusha mbele ya watu wa kawaida, wamdharau, wamkwepe, wamchukie ama waikimbie biashara yake. Kwa kesi ya madai lazima limfikie mtu wa tatu. Ukimtumia mwenyewe inboksi peke yake hayo ni matusi, na yanaweza kukuletea shida ya aina nyingine, lakini jina lake hujalichafua kwa mtu.

Kwani Kenya mtu anafungwa kwa kuchafua jina la mwenzake?

Zamani ndiyo. Kanuni ya Adhabu, hiyo Penal Code ambayo ni sura ya 63, ina kifungu 194 kinachosema ukiandika ama kuchapisha jambo la kumkashifu mtu, bila haki na kwa kukusudia, ni kosa la jinai. Adhabu yake haikuandikwa hapo hapo, ilitoka kifungu 36, jela mpaka miaka 2, ama faini, ama vyote viwili. Yaani jirani yako anakasirika, serikali inamchukulia kesi yeye, na wewe unalala ndani.

Tarehe 6 Februari 2017, kwenye Petisheni namba 397 ya mwaka 2016, Jaji John Mativo wa Mahakama Kuu Nairobi alisema kifungu hicho kinapingana na Katiba. Hoja ilikuwa kwamba jina la mtu lina thamani na lilindwe, sawa, lakini kumpeleka mtu jela kwa maneno ni adhabu kubwa kupita kiasi wakati ipo njia ya madai, mtu akashtaki alipwe fidia. Na kabla yake, mwaka 2014, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu kule Arusha ilishasema jambo la aina hiyo kwenye kesi ya mwandishi Lohé Issa Konaté wa Burkina Faso, aliyekuwa amefungwa miezi 12 kwa alichoandika.

Sasa shida ni kwamba ukifungua kitabu maneno ya kifungu 194 bado utayakuta yamechapishwa, kwa hivo kuna watu wanayapiga picha wanawatumia wenzao kuwatisha. Mahakimu wa chini wanafungwa na uamuzi wa Mahakama Kuu, wawe Mombasa, Kwale ama Kilifi, haijalishi kwamba ulitolewa Nairobi.

Na mimi hili huniuma kidogo nikilifikiria. Hii Kanuni ya Adhabu tuliletewa na mkoloni mwaka 1930, na kabla yake tangu 1897 huku kwetu kulitumika sheria ya adhabu ya India. Uingereza wenyewe walifuta kosa hili kwao, likakoma Januari 2010. Sisi tukakaa nalo miaka saba zaidi.

Basi mbona bado watu wanaitwa stesheni kwa sababu ya posti?

Kwa sababu mwaka 2018 ilikuja sheria ya matumizi mabaya ya kompyuta na makosa ya mtandao. Humo kuliandikwa kifungu 22 kuhusu habari za uwongo, faini mpaka milioni 5 ama jela mpaka miaka 2 ama vyote, na kifungu 23 ambacho ndo kikali zaidi, kinamhusu anayechapisha habari za uwongo *akijua* ni za uwongo, zenye kuleta hofu ama vurugu, ama zinazoweza kumvunjia mtu heshima. Hicho cha 23 jela iliandikwa mpaka miaka 10, ama faini mpaka milioni 5, ama vyote. Hapo kwenye "kumvunjia mtu heshima" ndo wengi tukasema kumbe kashfa ya jinai imetolewa kwa mlango wa mbele ikarudi kwa dirisha.

Sheria hiyo imekuwa mahakamani tangu mwaka ule ule. Mei 2018 vifungu 26 vilisimamishwa, Februari 2020 Jaji James Makau akasema viko sawa, walioshtaki wakaenda Rufaa, na vifungu hivi viwili ni kati ya vile vilivyopiganiwa sana. Kwa hivo ukishtakiwa kwa hicho, jambo la kwanza kabisa wakili wako aangalie kifungu kimesimama wapi siku hiyo, msijibu shtaka kabla.

Lakini lishikeni lile neno *akijua*. Aliyeamini kwamba anachosema ni kweli, na ana sababu za kuamini, hajachapisha uwongo akijua. Nia njema inaingia hapo.

Haya, nia njema yenyewe sheria inaielezaje?

Hapa nitakaa kidogo maana hapa ndo watu wanapotea.

Ile Kanuni ya Adhabu iliandika vizuri kuliko watu wanavyodhani. Kifungu 199 kilitaja hali ambazo mtu anakingwa akisema jambo la kumkashifu mwenzake, kwa sharti moja kwamba awe amesema kwa nia njema. Kwa mfano una wajibu wa kisheria, wa kimaadili ama wa kijamii kumwambia huyo unayemwambia, ama una maslahi yako halali unayolinda. Ama unatoa maoni kuhusu mwenendo wa mtu kwenye mambo ya umma. Ama unapeleka malalamiko kwa mtu aliye na mamlaka ya kuyashughulikia.

Halafu kifungu 200 kikageuza swali, kikasema lini nia njema *haipo*. Haipo kama jambo ni la uwongo na wewe mwenyewe hukuliamini, hilo liko wazi. Haipo kama jambo ni la uwongo na ulilitoa bila kujishughulisha vya kutosha kujua kama ni kweli au la, na hili ndo linawanasa watu wema, wale walioamini kwa dhati lakini hawakuuliza mtu. Na haipo kama ulikusudia kumuumiza mtu kupita kiasi kilichohitajika kulinda umma ama kulinda haki yako. Hili la mwisho linaweza kukunasa hata kama unachosema kina ukweli ndani yake, maana hapo unapimwa kwa ule ukali ulioongeza.

Kifungu 201 nacho kikamsaidia mshtakiwa, kwamba ukishaonesha mazingira yalikuwa yale yanayokingwa, unachukuliwa ulikuwa na nia njema mpaka wanaokushtaki waoneshe vingine. Na wanaweza kuonesha vingine kwa kutumia maneno yako mwenyewe, ile posti yenyewe ikakushuhudilia.

Si ulisema kifungu 194 kimekufa, sasa hivo vingine vya nini?

Swali zuri, aliniuliza kijana wa bodaboda pale Mwembe Tayari nikafurahi sana. Kosa la jinai limeondoka, lakini mtu bado anaweza kukushtaki kesi ya madai chini ya Sheria ya Kashfa, sura ya 36, na huko kuna kinga zinazofanana na hizi: ukweli, maoni ya haki juu ya jambo la umma, na mazungumzo yaliyokingwa, yaani ulimwambia mtu anayehusika jambo uliokuwa na wajibu ama maslahi halali ya kumwambia. Hizo mbili za mwisho zinavunjwa na kitu kimoja, nia mbaya. Mshtaki akionesha ulikuwa na chuki, ama hukujali kama ni kweli au uwongo, kinga imeanguka. Kwa hivo yale maswali ya kifungu 200 unaulizwa vilevile, tofauti ni kwamba huku unalipa pesa, huendi jela.

Nipe mfano nielewe.

Dada mmoja wa Majengo alikuja na simu yake, kioo kimepasuka kona, akanionesha alichoposti. Alimlipa mama wa mapambo ya harusi 18,500, siku ya harusi mama hakutokea, ukumbi ukabaki viti vya plastiki na ukuta mtupu, bibi harusi analia. Usiku ule ule akaandika kwenye grupu mbili za Facebook na moja ya WhatsApp: "Watu wa Mombasa jihadharini na huyu mwizi amewala wengi hata wanawe wanasomeshwa na pesa ya haramu." Na picha ya yule mama, amesimama na watoto wake wawili wamevaa nguo za Idi.

Tukakaa tukaipitia neno kwa neno. Nikamuuliza, unaweza kuthibitisha nini? Kulipa, ndiyo, ujumbe wa M-Pesa upo na tarehe yake. Kutokuja, ndiyo, ukumbi mzima ni mashahidi. Kutoshika simu, ndiyo, alipiga mara tisa. Haya, *mwizi*? Kuchukua kazi ukaiangusha si lazima iwe wizi, wizi unataka nia ya kuiba. *Amewala wengi*? Nikamwambia nitajie mmoja. Hakuwa naye hata mmoja, alisikia tu saluni. *Wanawe*? Wale watoto wamekosa nini? Na je, alienda dukani kwake kuuliza? Hakwenda, na duka lenyewe ni hapo tu unafika kwa tuktuk.

Ikaja kujulikana yule mama alikuwa amelazwa na mtoto, simu ameacha nyumbani. Pesa alikuwa anadaiwa kweli na hakukataa. Lakini yeye ndo aliyekuwa ameenda kwa wakili, na barua ikaja kwa dada yangu wa Majengo inadai fidia na msamaha. Mtu aliyeonewa akawa ndo mkosaji, kwa maneno matatu na picha moja.

Angeandika hivi asingepata barua: "Tarehe 3 nilimlipa fulani wa mapambo 18,500 kwa M-Pesa kwa harusi ya tarehe 20. Siku ya harusi hakuja. Nimempigia mara tisa hajashika. Kama anasoma hapa naomba anipigie." Yote ni kweli, yote yana ushahidi, hakuna tusi, hakuna mtoto. Na watu wa Mombasa wakisoma hiyo wataelewa wenyewe.

Waliishia kukaa mezani na mzee mmoja wa mtaa, picha ikatolewa, msamaha ukaandikwa kwenye grupu zile zile tatu, pesa ikarudishwa kwa awamu mbili. Kuna Mahakama ya Madai Madogo pia, mpaka shilingi milioni 1, sheria yake inataka kesi iishe ndani ya siku 60, na hapa Mombasa ipo. Ukidai deposit yako nenda huko.

Lakini nilichosema ni kweli. Si basi?

Kwa kesi ya madai, ukweli ukithibitishwa unakutosha. Angalia hilo neno, *ukithibitishwa*, na wa kuthibitisha ni wewe uliyesema. Ile sheria ya jinai ilikuwa kali zaidi, ukweli peke yake haukutosha, ilitaka pia iwe ni kwa manufaa ya umma jambo hilo litolewe. Ndo maana mkitazama zile video za mawakili wa India mnachanganyikiwa: kule kashfa bado ni jinai mpaka leo, ilikuwa kifungu 499 cha sheria yao ya zamani, tangu Julai 2024 iko kifungu 356 cha sheria mpya, na "nia njema" imetajwa mara nyingi kwenye hali wanazozisamehe. Msichukue majibu ya kule mkayaleta kwenye kesi ya Mombasa. Na walio na ndugu Tanga na Unguja, kule pia wana sheria zao.

Mimi sikuandika, nilifowadi tu, tena nikaweka "kama nilivyopokea".

Kila anayerudia amechapisha upya. "Kama nilivyopokea" haikukingi, tena inakuumiza, maana unakiri mwenyewe kwamba hukuhakikisha kitu. Usifowadi.

Na nikisema kwa mafumbo? Sijamtaja, nimeweka tu picha ya leso.

Hili ni letu sisi watu wa pwani na nalipenda. Mafumbo tumelelewa nayo, mama zetu wanajibizana kwa majina ya leso miaka yote, mtu anapita na leso yake kiunoni, mtaa mzima unajua inamwendea nani. Na hapo hapo ndo jibu lilipo. Kama mtaa mzima unajua, basi umemtaja.

Ile Kanuni ya Adhabu kifungu 196 kilisema wazi kwamba si lazima maana ya kashfa isemwe moja kwa moja, inatosha kama maana na mlengwa vinaweza kupatikana kwenye maneno yenyewe ama kwenye mambo ya nje yanayojulikana. Kesi za madai ni vivyo hivyo. "Yule mama wa mahamri wa kona, jana kafumaniwa" bila jina, wakati kona ina mama wa mahamri mmoja tu, hakuna fumbo hapo.

Leso peke yake, jina lake ni la jumla, halimtuhumu mtu jambo maalumu, sijaona mtu akishtakiwa kwa hiyo. Lakini ukiweka leso, halafu kwenye komenti watu wakauliza "ni fulani?" ukajibu kwa kicheko na alama ya kopa, umeshamaliza kazi.

Ilikuwa voice note, si maandishi.

Kosa la jinai la zamani halikugusa maneno ya mdomo matupu. Kwa madai, maneno ya mdomo mara nyingi mshtaki lazima aoneshe hasara aliyopata, isipokuwa kwa mambo fulani, mojawapo ni maneno yanayomharibia mtu kazi ama biashara yake. Lakini voice note usiihesabu kama maneno ya barazani yanayopotea na upepo, inabaki, inafowadiwa, inapelekwa kortini. Ichukulie kama umeandika.

Grupu letu la chama lina watu 12 tu. Hapo si ni siri yetu?

Si siri, mtu wa tatu hata akiwa mmoja anatosha. Ila hapo una kinga nzuri ukiitumia vizuri. Wanachama wana maslahi sawa kwenye pesa yao, kwa hivo kuuliza "mweka hazina, kitabu kinaonesha 36,000 na benki kuna 21,000, hizi 15,000 ziko wapi" ni haki yako, tena ni wajibu wako. Umewaambia wanaohusika, na umesema kiasi kilichohitajika.

Nilichokiona mara nyingi ni kwamba mtu anaanza vizuri hivo, halafu hajajibiwa kwa saa mbili, anapiga skrinishoti anaipeleka grupu la mtaa lenye watu mia tatu na kitu. Wale mia tatu pesa ya chama inawahusu nini? Pale ndo kinga inapokatika. Jambo ni lile lile, ulichobadilisha ni watu uliowaambia.

Nikienda polisi ama kwa chifu kulalamika, naweza kushtakiwa kashfa?

Malalamiko kwa mwenye mamlaka ya kuyashughulikia ndo mahali nia njema inakulinda zaidi. Mzazi anayemwendea mwalimu mkuu kuhusu mwalimu, mpangaji kwa mwenye nyumba kuhusu mlinzi, mfanyakazi kwa meneja kuhusu msimamizi. Jambo lichunguzwe na anayeweza kulichunguza, hata mwishowe likionekana si kweli. Sema ulichokiona, tenganisha na ulichosikia: "nilimuona akiingia na mfuko" na "nimeambiwa aliuza" ni vitu viwili, viandike hivo hivo viwili. Nakuomba sana usijizuie kuripoti mtu anayedhuru mtoto kwa kuogopa kesi ya kashfa. Ripoti stesheni, ripoti kwa afisa wa watoto. Wakati huo huo usimuweke kwenye Facebook.

Na viongozi? Hatuwezi kusema MCA wetu, huyo mwakilishi wa wadi, hafanyi kazi?

Sema. Maoni juu ya kazi ya mtu wa umma yana nafasi pana, Katiba kifungu 33 inalinda kujieleza, ingawa kifungu hicho hicho kinasema uheshimu haki na jina la wengine. Mwaka 2017 huo huo, Mahakama Kuu ilifuta pia kifungu 132 cha Kanuni ya Adhabu, kile cha kudhoofisha mamlaka ya afisa wa umma, na Aprili 2016 kilifutwa kifungu 29 cha sheria ya mawasiliano kilichokuwa kinawanasa watu wa mitandao. "Barabara yetu tangu achaguliwe haijaguswa, nimechoka naye" ni maoni na yana msingi wa ukweli unaoonekana kwa macho. "Pesa ya barabara amejengea nyumba Nyali" ni tuhuma ya jinai, iwe na karatasi.

Nimepata barua ya wakili inadai mamilioni. Nitafungwa?

Barua ya wakili si hukumu wala si samansi. Usiichane, usiposti picha yake ukiwa na hasira, na usimpigie aliyekuandikia kumtukana. Hifadhi posti yako kama ilivyokuwa, na komenti, na kila ulichokuwa nacho kabla ya kuandika: risiti, ujumbe, majina ya uliowauliza. Hivo ndo ushahidi wa nia njema yako. Kisha soma barua inataka nini na kwa siku ngapi, upeleke kwa wakili kabla siku hizo hazijaisha.

Polisi amenipigia ati nije "tuongee kidogo".

Muulize jina, stesheni, na unahitajika kwa kifungu gani. Akisema 194, mwambie kwa heshima kwamba Mahakama Kuu ilikifuta 2017, na uende na wakili ama mtu mzima wa kwenu. Ukikamatwa, Katiba kifungu 49 inakupa haki ya kuambiwa sababu kwa lugha unayoielewa, kunyamaza, kuongea na wakili, na kufikishwa kortini ndani ya masaa 24, ama siku ya korti inayofuata kama masaa yameishia wikendi. Bondi ya polisi hailipiwi. Ukiacha pesa taslimu ni dhamana, dai risiti. Usimpe mtu paswadi ya simu kwa kuogopa tu, uliza kwanza kama wana amri ya korti.

Mimi ndo nimechafuliwa. Nianzie wapi?

Pole sana, na nisikudanganye, hii inauma kuliko wizi. Dada mmoja wa Likoni aliacha kuvuka feri asubuhi, akawa anangoja saa nne watu wapungue, kwa sababu ya posti moja ya uwongo.

Una miezi 12 tu tangu kuchapishwa, ikipita hiyo huwezi kushtaki, na wengi nawapoteza hapo maana wanangoja wapoe moyo. Piga skrinishoti zinazoonesha jina la aliyeposti, tarehe, na grupu lenyewe. Ushahidi wa elektroniki kortini unataka cheti cha kueleza ulivyopatikana, hiyo ni kifungu 106B cha Sheria ya Ushahidi, kesi nzuri zimeanguka kwa kukosa karatasi hiyo moja. Mwandikie kwanza aitoe hiyo posti na aombe radhi. Akikataa, kesi inaweza kwenda kwa hakimu, hakimu mkuu ana uwezo wa mpaka milioni 20, na zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu.

Fidia inapimwa na korti, lakini kuna viwango vya chini kwa tuhuma za jinai: ukiandikiwa umefanya kosa ambalo adhabu yake ni kifo, fidia isipungue milioni 1, na kosa la jela ya miaka 3 ama zaidi, isipungue 400,000. Sasa rudini kwenye lile neno *mwizi* la dada wa Majengo mlione thamani yake.

Naweza kumpeleka kwa Kadhi?

Hapana. Mahakama ya Kadhi ni ndoa, talaka, mirathi na hadhi ya mtu kwa Waislamu, pale wote wawili wakikubali. Lakini kukaa na shekhe ama mzee wenu mkasuluhishwa, hakuna sheria inayokataza, na mimi nimeona ikifaulu mara nyingi.

Wamemchafua marehemu baba yetu.

Kesi ya madai ya kashfa haiendelei baada ya mtu kufa, familia haiwezi kushtaki kwa niaba yake. Najua inaumiza. Kama maneno yenyewe yanawagusa nyinyi mlio hai, mfano "baba yao mwizi na wao wanakula wizi", hilo ni lenu, mnaweza.

Nikiomba msamaha si nitakuwa nimekubali kosa?

Hili ndo linawazuia watu wengi na kesi zinakua bure. Kama uliandika bila kukusudia na bila uzembe, Sheria ya Kashfa ina njia ya kutoa masahihisho na kuomba radhi kabla kesi haijaenda mbali, na hata usipoingia kwenye njia hiyo korti huangalia kama uliomba radhi mapema inapopima fidia. Maneno yake muache wakili ayapitie. Yawe mafupi: niliandika hivi tarehe hii, sikuhakikisha, si kweli, nimeitoa, naomba radhi. Usiweke "kama nimemkosea" wala "alinichokoza". Na upeleke kwa watu wale wale walioona ya kwanza, kama ulituma grupu tatu basi grupu tatu, na uache juu kwa siku kadhaa, usiposti saa nane usiku halafu ukafuta alfajiri.

Yule dada wa Majengo alitaka kumtumia mama wa mapambo inboksi peke yake, ati anaona haya. Nikamwambia ulipomuita mwizi hukuona haya mbele ya watu, mrudishie jina lake hapo hapo ulipolichukua. Aliandika mistari minne, mkono unatetemeka, akabonyeza. Komenti ya kwanza ilikuwa ya yule mama mwenyewe, kaandika tu "nimepokea".